Zamu Yako, Zamu Yangu

"Huyo mwanamume wako ana miguu kweli?" mama aliuliza. Alikuwa amesimama mlangoni mwa chumba cha bintiye, taulo begani. "Maana majini nasikia hayana, na mimi mwaka huu wote nasimuliwa habari zake tu, simwoni."

Nukta alikuwa amepiga magoti akitafuta kiatu cha pili chini ya kitanda. Asubuhi yenyewe bado mbichi, na tayari hasira zilishamfika shingoni.

"Anayo, Mama. Tena mirefu."

"Basi ailete."

Jina la Nukta alipewa kazini, na si kwa sababu ya ufupi peke yake, ingawa ufupi anao. Alipewa kwa sababu akishasema jambo kalimaliza, huwezi kuongeza kitu mbele yake. Lakini hapa nyumbani nukta zote aliziweka mama, na binti alibaki kutafuta viatu.

Mama alikaa kitandani, akalainisha sauti. Hapo ndipo Nukta alipoogopa zaidi, kwa kuwa mama akifoka ni mvua ya kupita, lakini akianza kusema polepole ujue amekesha akilifikiria.

"Mwanangu, mimi simkatai kijana wa watu. Simjui, nitamkataaje? Ninachokijua ni maisha hayo. Baba yako alikuwa dereva wa malori ya masafa. Unafikiri niliolewa na baba yako? Niliolewa na begi. Begi likiwa pale mlangoni, mume yupo. Begi likiondoka, sina mume. Ninyi wote mmezaliwa yeye yuko njiani, na siku aliyofariki alikuwa njiani vilevile. Sasa wewe unataka kunizidi hata mimi. Begi lake likiingia, la kwako linatoka! Nyumba hiyo itakaa na nani, paka?"

"Mama..."

"Sijamaliza. Mara mbili nimeambiwa wazee wake wanakuja. Mara mbili nimeazima viti kwa jirani. Na mara mbili nimevirudisha mwenyewe kichwani, mchana kweupe, mtaa mzima unanitazama. Kesho mjomba wako anakuja. Nataka nimwone huyo kijana amekaa kwenye kochi langu, na wewe umekaa pembeni yake. Wazee watafuata baadaye, mimi nataka kuwaona ninyi wawili tu. Asipoonekana kesho, usinitajie tena habari zake ndani ya nyumba hii."

Nukta aliinuka na kiatu mkononi. Kwa mara ya kwanza asubuhi ile alitabasamu.

"Utamwona hata kabla ya kesho, Mama. Naja naye leo jioni, mimi mwenyewe."

"Utajaje naye na wewe ndiyo unaingia kazini?" Mama alitupa macho chumbani, akayazungusha, yakarudi kwa bintiye. "Begi lako liko wapi?"

Nukta alimbusu shavuni, akachukua mkoba mdogo wa mkononi, akatoka mbio.

Ukitaka kujua penzi la hawa watu lilivyoanza, kiulize kiti. Machimbo yale ya shaba, mali ya kampuni ya Wachina, yanakwenda kwa zamu: wiki tatu uko kambini, wiki tatu uko nyumbani, na siku unayoingia wewe ndiyo siku anayotoka mwenzako. Nukta alikuwa mkuu wa maabara wa Zamu A. Mkuu wa maabara wa Zamu B alikuwa mwanamume mmoja mrefu ambaye kambi nzima ilimwita Mlingoti. Kazi ilikuwa moja, meza moja na kiti kimoja. Kila Nukta akiingia anakuta kiti kimepandishwa juu mpaka miguu yake inaning'inia kama ya mtoto kwa kinyozi. Anakishusha huku akimlaani aliyekipandisha. Kila Mlingoti akirudi, akikaa, magoti yanamfika kidevuni.

Siku moja Nukta alimvaa getini wakati wa makabidhiano. "Wewe ndiye unayenipandishia kiti?"

Mlingoti alimtazama kutoka huko juu aliko, akacheka. "Kumbe ndiye wewe unayenivunja magoti."

Tangu siku hiyo wakawa wanagombana kwa raha. Penzi lao lote liliishi katika ule muda mfupi ambao zamu moja inashusha mizigo na nyingine inapakia. Walisimama pale getini, macho ya kambi nzima mgongoni, wakachanganya kazi na mambo ya moyo. Tanuri la pili usiliamini, linazidisha moto. Umelala jana? Asidi imebaki kidogo, nimeshaagiza. Nimekukumbuka mpaka nimechoka. Hakuna aliyemgusa mwenzake, angethubutu nani na dereva wa basi anachungulia kwenye kioo? Simu zilikuwepo, ndiyo, lakini mtandao wa kambini ni wa kubahatisha, na penzi linalokatika kila ukitaka kusema neno la maana linachosha moyo kuliko ukimya.

"Leo Nukta hana begi!" dereva alisema alipomwona anapanda basi. "Umeacha kazi au umeachwa?"

"Wewe endesha gari."

"Naendesha. Usukani nimeushika kwa mikono, masikio hayana kazi."

Nukta alikaa dirishani, akaugeuzia uso wake nje. Alikuwa na siri mbili, na zote mbili zilimwasha.

Ya kwanza aliipata kwa Shemeji. Shemeji ndiye meneja wa machimbo, Mchina wa makamo mwenye nywele fupi na uso wa mtu ambaye chai yake imepoa. Alipofika mara ya kwanza, wachimbaji walimwambia kwamba neno la heshima la kumwita mtu yeyote ni shemeji, naye akawaita hivyo wote, kuanzia mlinzi hadi wakaguzi. Alipogundua kwamba wamemchezea, alikuwa ameshalizoea, hakuliacha. Zamu iliyopita aliwakusanya wakuu wa idara wa Zamu A ofisini kwake, akafunga mlango.

"Kampuni inatanuka, shemeji zangu," alisema. "Shaba ya hapa ni nzuri. Lakini dunia sasa inataka betri. Tumenunua mlima wa lithiamu, ng'ambo. Zamu A mtakwenda kuuanzisha, wote. Miezi sita kule, mwezi mmoja nyumbani. Zamu A ya hapa itavunjwa. Msiseme kwa mtu mpaka makao makuu watangaze."

Wengine walipiga makofi. Nukta naye moyo ulimruka, asidanganye mtu. Alijiona katika maabara mpya yenye mitambo ambayo bado ina nailoni, akipima madini ambayo hajawahi kuyashika. Alijiona hivyo usiku kucha. Asubuhi akalikumbuka kochi la mama.

Siri ya pili aliipeleka kwa karani wa zamu. "Nihamishie Zamu B. Ukuu siutaki, niweke msaidizi tu." Hakumwambia Mlingoti. Ahadi mbili zilishavunjika mikononi mwao, na hii ya tatu hakutaka iwe ahadi. Alitaka iwe jambo lililokwisha. Juzi karani alimpigia simu kwamba ombi limekubaliwa, aje tu Jumamosi kukabidhi, kisha aondoke na Zamu B. Ndiyo maana hakuwa na begi. Angeshuka, angekabidhi, angepanda basi lilelile akiwa pembeni ya Mlingoti, na jioni wangekuwa kwenye kochi.

Basi lilipoingia getini, Zamu B walikuwa wameshapanga mstari na mizigo yao. Nukta alitafuta kichwa kimoja juu ya vichwa vingine, kama kawaida, akakiona. Lakini hakikuwa kwenye mstari. Mlingoti alikuwa amesimama kando, na koti jeupe la maabara, mikono mitupu, tabasamu limemjaa uso mzima.

Nukta alishuka akimkimbilia. Wakafikiana, wakatazamana chini na juu, na wote wawili wakasema kwa pamoja:

"Begi lako liko wapi?"

Wakacheka. Nukta ndiye aliyewahi kusema.

"Silihitaji! Narudi na wewe leoleo. Nimehamia Zamu B, Mlingoti. Tunaondoka pamoja!"

Tabasamu la Mlingoti halikuondoka mara moja. Lilibaki pale usoni, limesahauliwa.

"Rudia," alisema.

"Nimehamia zamu yako."

"Hapana." Alitikisa kichwa. "Hapana, hapana, hapana. Nukta, mimi ndiye niliyehamia yako. Ndiyo maana sijafunga mizigo. Nilitaka ushuke kwenye basi unikute bado nipo. Nimeomba niwe msaidizi wako."

Mlango wa basi uligongwa, mizigo ikaanza kushushwa. Mtu aliwaomba wasogee, wakasogea bila kujua wanasogea wapi.

"Wewe ni mjinga," Nukta alisema polepole.

"Na wewe je?"

"Mimi pia."

Karani wa zamu alikuja akitembea kwa mbwembwe, kijana mnene, nadhifu, mwenye kupenda kushukuriwa. "Eh, maharusi! Mbona mmenuna? Mmeona kazi yangu? Bila mimi mngekwama."

"Umefanya nini?" Mlingoti aliuliza.

"Nimewabadilisha. Yaleyale mliyoyaomba! Huyu anatoka A kwenda B, huyu anatoka B kwenda A. Kwa kweli angeomba mmoja peke yake lisingepita, kila zamu nafasi za maabara zimejaa, huyo wa ziada ningemweka wapi? Lakini maombi mawili yamekuja wiki moja, nikasema aa, hawa wanabadilishana. Tena nimewapigania. Eti mnataka kuwa wasaidizi! Nikakataa. Kila mtu amebaki na ukuu wake."

"Nani alikuambia tunabadilishana?" Nukta alifoka.

"Sasa mlitaka niwaze nini? Kila makabidhiano mnanong'ona hapa getini mpaka basi linachelewa. Nikajua mmekubaliana." Karani aliwatazama mmoja baada ya mwingine, na sura ikaanza kumshuka. "Kumbe huwa mnanong'ona nini?"

Na kusema kweli lilikuwa swali la haki.

"Rudisha," alisema Mlingoti. "Mrudishe Zamu A, mimi nibaki kama nilivyokuwa. Afadhali ile ya zamani."

"Siwezi. Majina ya Zamu A yalikwenda makao makuu jana."

"Majina ya nini?"

Karani alimtazama Nukta. Nukta akatazama viatu vyake, vile alivyovitafuta asubuhi kwa shida.

Kama vile hayo hayatoshi, Shemeji akatokea. Alikuwa na kofia ngumu kichwani na kikombe cha chuma mkononi, akaja moja kwa moja kwa Mlingoti, akampa mkono. "Hongera, shemeji. Sikujua unapenda lithiamu. Makao makuu wamefurahi."

"Lithiamu?"

"Zamu A inakwenda ng'ambo kuanzisha machimbo. Miezi sita kule, mwezi mmoja nyumbani. Leo tunatangaza." Shemeji akamgeukia Nukta, macho yake yakiwa na mshangao kidogo. "Wewe nilifikiri utakwenda. Ulifurahi sana siku ile."

Mlingoti alimshika Nukta kiwiko, mbele za watu wote, akamvuta hadi nyuma ya kibanda cha mlinzi.

"Ulijua."

"Tuliambiwa tusiseme."

"Nukta, mliambiwa na nani? Mimi nani kwako? Siri ya kampuni unanificha mimi, mimi ninayekwambia hata tanuri likikohoa?"

"Nilitaka nikuambie jambo likishakwisha! Nimechoka kukuahidi na kuahidiwa. Mama amerudisha viti mara mbili kichwani, unajua hilo? Na wewe je, mbona hukuniambia unahama?"

"Nilitaka kukufurahisha."

"Umenifurahisha!" Nukta alipiga makofi mawili makavu. "Nimefurahi sana! Nimekwepa kwenda ng'ambo kwa ajili yako, na wewe umeingia kwenye nafasi ileile niliyotoka, umekaa, umefunga na mkanda!"

"Ningejuaje? Ningejuaje, mwanamke, kama hufungui mdomo?"

"Usiniite mwanamke."

"Nikuite nani, shemeji?"

Siku nyingine wangecheka. Mlingoti mwenyewe midomo ilimchezacheza, lakini Nukta alikuwa anamtazama kwa namna nyingine sasa, akichunguza uso wake wote. Alikuwa ameona kitu kidogo pale Shemeji alipompa mkono, kabla hasira haijaingia, na kile kitu kilikuwa kinamuuma kuliko mengine yote.

"Umefurahi," alisema.

"Nini?"

"Ulipoambiwa. Kwanza ulifurahi. Nimekuona, macho yaliwaka. Usinidanganye."

Mlingoti aliinamisha kichwa. Alivua miwani, akaifuta na koti, akaivaa tena. "Ni maabara mpya, Nukta. Ni madini ambayo..."

"Ambayo hujawahi kuyashika. Najua. Mitambo bado ina nailoni." Sauti yake ilianza kumsaliti. "Unafikiri mimi sikutaka? Nilitaka mpaka sikulala! Nikajiambia acha, utamkosa mtu. Nikajikata, nikanyamaza, nikaona nimefanya jambo kubwa. Na sasa wewe ndiye unayekwenda."

Alilia. Hakutaka, lakini machozi hayaombi ruhusa kwa mkuu wa maabara. Mlingoti alisimama mbele yake na mikono yake mirefu isiyojua iwekwe wapi.

"Kama ungeniambia," alisema kwa sauti ya chini, "ningekwambia usikatae."

"Halafu?"

"Halafu sijui. Lakini tungekuwa hatujui wote."

Shemeji alikohoa upande wa pili wa kibanda. Alijitokeza polepole, kikombe bado mkononi, akionekana mtu aliyesikia zaidi ya alivyotaka. "Samahani. Sikiliza. Mimi naweza kusaidia. Kule ng'ambo maabara pia ina zamu. Watu wawili, nafasi mbili. Nikiwaandikia leo, watawaweka nyote wawili."

Nukta alijifuta uso kwa haraka. "Wote wawili? Kule?"

"Wote wawili."

"Tutafanya kazi pamoja?"

Shemeji alifikiri. Alikuwa mtu mkweli, na ukweli ulimpa tabu. "Hapana. Mmoja mchana, mmoja usiku, na likizo mmoja akiingia mwingine anatoka. Kama hapa. Lakini kule si getini. Kule mtapishana uwanja wa ndege."

Nukta alimtazama meneja wake. Kisha akacheka, kicheko kibaya kilichoanzia tumboni na kutoka na machozi, mpaka mlinzi akachungulia dirishani kuona kuna nini. "Uwanja wa ndege! Mlingoti, umesikia? Tumepandishwa cheo!"

"Mke wangu yuko nyumbani," Shemeji alisema bila kuudhika. "Mimi niko hapa. Binti yetu anasoma mji mwingine. Mwaka jana tulikula chakula pamoja mara moja, wote watatu. Chakula kilikuwa kizuri sana." Akatazama ndani ya kikombe. "Mimi si mtu wa kuuliza mambo haya. Mimi najua madini."

Simu ya Nukta iliita. Mtandao wa kambini ulichagua saa hiyo kuwa mzima.

"Umefika?" sauti ya mama ilijaa eneo lote. "Nimeshatandika kochi. Mjomba wako kanipigia, anauliza, kijana anakunywa chai au kahawa?"

Nukta angeweza kusema chai, akakata. Lakini siku ile ilikuwa imemfundisha, kwa bakora, ubaya wa kunyamaza. "Mama, kuna jambo. Wanampeleka ng'ambo."

"Nani?"

"Yeye. Kampuni imenunua machimbo mengine. Miezi sita kule, mwezi mmoja hapa."

Nukta aliondoa simu sikioni kuhakikisha kama haijakatika.

"Basi usije naye," mama alisema. Sauti ilikuwa ileile ya polepole. "Sebule yangu si stendi, mwanangu. Watu hawaji hapa kusubiri gari." Na akakata yeye.

Honi ya basi ililia. Nukta alirudisha simu mkobani, akafunga zipu, akaifunga tena ingawa ilikuwa imeshafungwa.

"Nukta, ngoja."

"Zamu yangu inaondoka." Alimtazama juu, kule alikozoea kutazama mpaka shingo ilishajifunza njia. "Kaa na kiti chako. Kipandishe hata kifike darini, sitakishusha tena."

Akaondoka. Alipanda basi, akapita katikati ya watu wa Zamu B ambao ghafla wote walikuwa na jambo la kutazama nje, akakaa dirishani upande usioelekea kibanda. Alikuwa amemkasirikia karani, akamkasirikia Shemeji, akamkasirikia mama, akaikasirikia lithiamu yenyewe huko iliko chini ya mlima wake. Lakini hasira kubwa ilikuwa ya kwake na Mlingoti. Watu wazima wawili, wenye akili ya kupima shaba mpaka chembe ya mwisho, wamezoea kupokezana mpaka wakaamua kupokezana na akili. Mmoja anaamua, mwingine hayupo. Mwingine anaamua, mmoja hayupo.

Basi lilinguruma, likasogea, likafika kwenye kizuizi, likasimama. Mlinzi alikuwa anabishana na mtu nje. Kisha mlango ukafunguliwa kwa sauti ya upepo, na Mlingoti akaingia akiwa ameinamisha kichwa kisigonge dari, koti la maabara bado mwilini. Alitembea hadi pale alipokuwa Nukta, akajikunja, akakaa. Magoti yalikwama kwenye kiti cha mbele.

"Unafanya nini hapa?" Nukta aliuliza.

"Nakwenda kwa mama yako."

"Maabara umemwachia nani?"

"Shemeji. Amekaa mwenyewe. Ameniambia Jumatatu asubuhi anataka jibu."

"Shemeji hajashika mizani miaka mingi!"

"Nimemwambia tanuri la pili asiliamini."

Nukta aligeuza uso dirishani asionekane anavyouma midomo. Basi lilipita kizuizi, likaanza kupanda mlima wa barabara ya vumbi. Mbele, dereva aliinua kioo chake ili aone vizuri zaidi.

"Mama amesema usije."

"Nimesikia. Kambi nzima imesikia."

"Sasa utamwambia nini?"

"Kwamba nataka kwenda," alisema Mlingoti. "Na nataka kukuoa. Na sijui vinawezekanaje vyote viwili. Sina jibu, Nukta, sikuja na jibu. Nimechoka tu kuamua peke yangu, kila nikiamua peke yangu nakukosa. Na wewe pia umwambie ulitaka kwenda. Umwambie usikie anasemaje."

"Atatufukuza."

"Wote wawili?"

"Wote wawili. Na mjomba atasaidia."

"Basi angalau tutafukuzwa pamoja."

Ilikuwa imemjia Nukta kwamba mwaka mzima wa kupendana walikuwa wamesimama wima, getini, na hakuwahi hata mara moja kukaa na huyu mtu. Hakujua kwamba bega lake likikaa karibu linatoa joto namna hii. Hakujua kwamba akiwa na wasiwasi hupiga goti kwa vidole. Kulikuwa na mengi ya kujua, na bado alikuwa amekasirika.

Basi liliingia kona, likatoka, likaingia nyingine. Alipogeuka alimkuta Mlingoti amefumba macho, rangi imemtoka, jasho limemjaa juu ya mdomo.

"Una nini?"

"Basi," alisema kwa shida. "Huwa linanichefua. Kila safari nakaa dirishani." Alimeza mate. "Naomba tupishane. Wewe uje huku, mimi niende hapo."

Akaanza kuinuka. Nukta alimkamata koti, akamrudisha chini kwa nguvu mpaka watu wa mbele wakageuka.

"Hatupishani," alisema.

"Nukta, nitatapika."

"Utatapika ukiwa hapohapo."

Akafungua kioo chote. Kisha akajibana nyuma kwenye kiti chake kadiri ufupi ulivyomruhusu, akamshika shingo kwa mikono miwili, akamvutia kwake, mwili wote ule mrefu ukamwangukia mapajani, mpaka kichwa kikafika dirishani na upepo ukampiga usoni. Alikuwa mzito. Alinuka asidi na sabuni ya kambini. Basi zima lilikuwa linatazama, na dereva alikuwa ameacha kabisa kujifanya anaangalia barabara, na Nukta, akiwa bado amenuna, hakumwachia.